Sekunde ya Ishirini na Saba

4 Machi

Kidole,

Salamu utazikuta mwishoni, kama hasira itaniachia nafasi ya kuziweka.

Flashi yako imefika. Nimeichomeka kwenye televisheni mpya uliyoniletea, nikavaa miwani, nikaketi kama mwalimu anayesahihisha mtihani wa mwanafunzi aliyemtegemea. Nimeitazama filamu yenu ya hali halisi tangu mwanzo. Mama Bweni, aliyekuwa mlezi wa wanafunzi bwenini, anazungumza vizuri, na daftari lake la majina amelishika kama mtu aliyeshika mtoto. Ile ramani uliyoichora ya maji yanayopanda ghorofa kwa ghorofa nimeipenda. Hata mjumbe wa tume angeielewa. Kisha ikaja picha ya mkaguzi wa bwawa. Nikaanza kuhesabu kimoyomoyo, kama ninavyohesabu siku zote. Ishirini na tano. Ishirini na sita. Ishirini na saba.

Dirisha ni tupu.

Nimerudisha nyuma mara sita. Dirisha ni tupu, ukuta ni safi, mvua yenyewe inaonekana imepigwa pasi.

Hadithi hii unaijua, lakini nitakuandikia kama usiyeijua, maana inaelekea umeisahau. Miaka thelathini na moja iliyopita walifungua milango ya bwawa asubuhi, mvua inanyesha, bila kupiga king'ora. Maji yakalikuta bweni la chuo cha ufundi kule bondeni. Mkaguzi alikuwa kilimani na kamera yake ya kukagulia nyufa. Akaigeuza, akalipiga bweni picha sekunde arobaini, bila sauti, mpaka likaanguka. Mwaka wa pili tume ikakaa, na wakubwa wakasema kwa mdomo mmoja: bweni lilikuwa tupu, wanafunzi walikuwa likizo. Vijana kumi na mmoja hawajaonekana hadi leo. Wazazi tukaambiwa watoto wa siku hizi wana tabia ya kutoroka. Tarumbeta wangu, mtoto wangu wa pekee, aliyekuwa akicheka chumbani kwake jirani anakatiza sala, huyo alitoroka akaenda wapi ambako hakuna mtu mwenye masikio?

Katika picha ile, ghorofa ya tatu, dirisha la pili kutoka kushoto, kuanzia sekunde ya ishirini na saba hadi ya thelathini na moja, kuna kitu cheupe. Nimeandika magazetini, nimesimama mbele ya wanasheria wa mamlaka ya bwawa, nimesema: hilo ni shuka, na shuka halijipungi lenyewe. Sekunde nne. Wenzangu duniani wana makaburi. Mimi nina sekunde nne.

Nani amekutisha? Au hukutishwa, ila ulitaka tu picha ipendeze? Kama ni hilo, bora ungetishwa.

Nafasi imekwisha. Salamu hazikuenea.

Shangazi yako

*

13 Machi

Shikamoo Shangazi,

Barua yako nimeisoma nimesimama. Nisingethubutu kuisoma nimekaa.

Hakuna aliyenitisha. Jirani yako fundi viatu anadhani kazi yangu ni kutengeneza kwa kompyuta majoka yanayotema moto. Katika filamu za hali halisi kazi yangu ni kinyume chake: nikiifanya vizuri, hakuna anayejua kwamba nilikuwepo. Naondoa kivuli cha kipaza sauti ukutani. Naficha uso wa shahidi anayeogopa. Filamu ya zamani ikija imechakaa, naisafisha mikwaruzo na vumbi, natuliza mtikisiko wa mkono uliokuwa ukitetemeka.

Mamlaka ya bwawa ilipolazimika kuitoa ile filamu yenyewe ya mkaguzi, si nakala ya kanda, tuliiingiza kwenye kompyuta fremu moja moja, yaani picha moja moja. Ilikuwa chafu sana. Kuna programu ya kusafisha: huitafuta kila chembe nyeupe inayotokea na kupotea, ikaiziba kwa rangi ya mahali palipo jirani nayo. Imeona kitu chako, ikadhani ni vumbi. Ni kosa la mashine, Shangazi, na langu mimi kwa kutoikagua. Nisamehe. Nakala isiyosafishwa ipo. Nitarudi kwayo.

Kamanda, mwongozaji wetu (tunamwita hivyo kwa sababu hata chai huiamrisha), bado hajafunga filamu. Muda upo.

Uliposema umevaa miwani nilikumbuka televisheni ya zamani. Nilikuwa na miaka kumi na mmoja, nalala kwenye kitanda cha kaka Tarumbeta, nataka kukusaidia usafi. Nikanyanyua kitambaa chenye maji nipanguse kioo. Kabla hakijagusa, ukanizaba kofi nikaona nyota mchana. Mpaka leo sijui kosa langu. Inaelekea mimi na usafi hatujawahi kukufurahisha.

Mwanao,
Kidole

*

20 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Nimekusoma mara mbili na hasira imeshuka hadi kiunoni.

Mashine haina mama, kwa hiyo nikiitukana ninapoteza bure matusi mazuri. Lakini niruhusu neno moja kuhusu huo usafi wenu. Nimefundisha historia miaka thelathini, na sijawahi kuona ushahidi ulionyooka kama suruali ya bwana harusi. Ushahidi wa kweli umechanika pembeni, una doa la chai, mwandiko umekolea mahali mwandishi alipolia au alipolewa. Anayekuletea ukweli aliokwisha kuuogesha, muulize alichokitupa na maji. Mwambie Kamanda maneno hayo ni yangu na siyauzi.

Kofi lile lilikuwa na sababu. Sikukueleza kwa kuwa ulikuwa mtoto. Televisheni bado ipo pembeni, nimeifunika. Usiulize zaidi leo.

Nina swali moja, na nataka ulijibu polepole. Wewe mwenyewe umekitazama? Si mashine. Wewe, kwa jicho lako, kwenye hiyo filamu iliyo safi kuliko kanda zote nilizowahi kuwa nazo. Uliona nini? Niandikie ulichokiona, hata kama ni neno moja. Mimi si yai. Nimezika mume, nimezika kaka yangu ambaye ni baba yako, nimewasomea wanasheria barua zangu usoni mwao. Hakuna neno litakaloniua.

Unakumbuka uliwahi kuvunja sahani yangu ya maua ukasema ni paka? Nilikuangalia nikasema, sawa, ni paka. Nikangoja hadi jioni uje mwenyewe. Hatukuwa na paka, Kidole.

Nangoja.

Shangazi yako

*

2 Aprili

Shikamoo Shangazi,

Nimekitazama kwa jicho langu, fremu moja moja. Ni shuka.

Linaonekana wazi zaidi kuliko kwenye kanda yako. Limeshikwa kwa juu, linapepea kuelekea kushoto, mara moja linakunjika kisha linafunguka. Pembe ya chini imelowa. Aliyelishika haonekani, yuko ndani, gizani. Nimelirudisha lote mahali pake, kuanzia sekunde ya ishirini na saba. Kamanda ameliona, akaamuru lirudiwe mara tatu. Anataka kulitumia kufungia filamu.

Flashi mpya iko ndani ya bahasha hii. Tazama ukiwa umetulia. Mwite fundi viatu akae nawe.

Sasa hawatasema tena bweni lilikuwa tupu.

Mwanao,
Kidole

*

9 Aprili

Kidole,

Sikumwita fundi viatu. Nimetazama peke yangu, mchana, mlango umefungwa.

Nakupa haki yako kwanza: unajua kazi. Shuka lako ni zuri. Lina uzito wa pamba iliyolowa. Mara ya kwanza nilihesabu tu. Mara ya pili niliangalia mikunjo. Mara ya nne nilianza kuona vidole, na vidole hukuviweka. Mara ya tano nilimwona Tarumbeta mzima, mdomo wazi, akiniita, nikasimama nikaitika. Niliitika, Kidole. Mwanamke wa miaka sabini na miwili, peke yake sebuleni, anaiitikia televisheni, "Abee baba."

Ndipo nikaichomoa flashi yako na kuiweka ndani ya mtungi wa unga nisiione.

Sasa nikueleze lile kofi.

Mwaka wa tume walitupatia nakala ya kanda. Nilikuwa naitazama asubuhi kabla ya kwenda shule na jioni kabla ya kupika. Siku moja niliisimamisha kwenye sekunde ya ishirini na saba, nikachukua kalamu ya wino, nikaweka nukta kwenye kioo, juu kabisa ya kile kitu cheupe. Nilitaka nisiwe na haja ya kukitafuta tena. Kisha nikairuhusu kanda itembee.

Mkono wa mkaguzi ulikuwa unatetemeka, wewe unajua. Bweni lilipanda, likashuka, likaenda kulia, likarudi. Dirisha lilitoka kwenye nukta yangu na kurudi na kutoka tena. Lakini kile cheupe hakikutoka. Kwa sekunde zote nne kilikaa chini ya wino kama kimegundishwa. Jengo zima linacheza na shuka limetulia. Shuka gani hilo lisilokaa kwenye dirisha lake?

Nilikuwa mwalimu wa historia, si wa fizikia, lakini sikuwa punguani. Kilikuwa kwenye kamera. Uchafu, au maji, sijui. Nilijua mwaka huo huo. Ulipokuja na kitambaa chako, mtoto mwema anayetaka kumsaidia shangazi yake, ulikuwa unakuja kufuta hesabu yangu yote, nikakuzaba kwa kuwa nilikuwa sijaamua kama nataka ifutwe.

Sikuamua. Niliandika magazetini "shuka" mwaka ule, na mwaka uliofuata, na miaka ishirini na tisa. Nimewaita wakubwa wa bwawa waongo kwa kalamu ileile iliyoweka nukta. Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu imekuwa ndefu mpaka nimezeekea humo.

Kwa hiyo dirisha lilipokuja tupu mwezi wa Machi, unadhani nilikasirikia nini? Nilijua umeona. Fundi kama wewe haachii mashine sekunde zile. Ungezipitia hata ukiwa usingizini. Nikasema: hatimaye. Kuna mtu mmoja duniani anayejua ninachokijua, na ni mtoto niliyemlea. Nikakuchokoza ili useme. Nikakuuliza kwa upole ili useme. Nikakukumbusha paka. Nilikufungulia mlango, ukapita dirishani, tena na shuka mkononi.

Nilichotaka ni maneno matatu, "Shangazi, si shuka." Aniambie mtu anayenipenda, tulie wawili, nami niweze kuacha. Peke yangu nilishindwa.

Na sasa nisikilize vizuri, maana hapa siombi. Mama Bweni ana daftari. Majina kumi na moja, kwa mkono wake, asubuhi ile ile, kabla maji hayajafika. Alilificha miaka yote hii chini ya godoro, akafukuzwa kazi, akaitwa kichaa. Huo ndio ushahidi, pekee tulio nao. Wanasheria wa bwawa wana filamu kama yako na wana mafundi kama wewe. Siku watakapolikuta shuka lako la kutengenezwa watasema: kama shuka ni la uongo, daftari je? Na watakuwa na haki ya kuuliza, hilo ndilo linaloniunguza. Watawazamisha vijana kumi na mmoja mara ya pili, na safari hii maji tutakuwa tumeyafungulia sisi, mimi na wewe.

Liondoe.

Bado hatuna paka.

Shangazi yako

*

17 Aprili

Shangazi,

Sikuanza na shikamoo kwa sababu sina uso wa kuitoa.

Haikuwa mashine. Nilikuwa mimi, kwa mkono wangu, Jumanne moja mchana.

Ilikuwa hivi. Nilikuwa natuliza mtikisiko. Kompyuta hulishika jengo lisiondoke mahali pake, halafu kila kingine kinalizunguka. Nilipolishika bweni, likatulia kabisa. Na kile cheupe kikaanza kutembea. Kilitoka dirishani, kikapanda ukutani, kikashuka hadi ghorofa ya pili, kikarudi. Kilizunguka nje ya bweni sekunde nne kama mtu anayetafuta mlango. Nikaivuta picha karibu. Lilikuwa tone la mvua, Shangazi. Lilidondokea kwenye lenzi, likashika mwanga, na kwenye sekunde ya thelathini na moja likatiririka likapotea. Nyuma yake dirisha lilikuwa jeusi. Nimeangalia kila fremu kwa wiki mbili. Sikuona mtu. Sikuona pia kwamba hapakuwa na mtu. Giza ni giza.

Nikafikiri nikiliacha, kila mtu ataliona likitembea, na watakucheka. Nikalifuta. Nikajidanganya kwamba hutagundua. Ulipogundua nikakupa mashine. Ulipouliza swali lako nilikaa na karatasi siku tisa. Niliandika "tone" mara tatu, nikachana mara tatu. Halafu nikaning'iniza shuka la kitandani kwetu kwenye dirisha la jikoni, mke wangu akanishikia feni, nikalipiga picha. Hakuniuliza ni la nini. Pembe ya chini niliilowesha mwenyewe.

Unasema ulitaka mtu anayekupenda. Nililala kitandani kwa kaka Tarumbeta miaka saba nikisikia ukihesabu ng'ambo ya ukuta. Nilidhani kukupenda ni kutunza hesabu isikatike.

Jana nimemweleza Kamanda. Hakupiga kelele. Angepiga kelele ningefarijika. Aliniuliza, "Kuna nini kingine katika filamu yangu ambacho ni shuka lako?" Nikasema hakuna. Akasema, "Naamini. Lakini sina tena njia ya kujua." Amemleta fundi mwingine apitie kazi yangu yote tangu mwanzo, hata ile ramani ya maji. Mimi nimeondolewa. Ana haki.

Nimeomba kazi moja ya mwisho, nilitoe shuka kwa mkono uleule uliolitia. Amekubali, yule fundi mpya akiwa amekaa pembeni yangu anatazama. Sasa niambie, na hili nakuuliza wewe kwa kuwa ni lako: niliache dirisha tupu na safi, au vipi?

Naomba radhi. Sijui neno kubwa kuliko hilo.

Kidole

*

22 Aprili

Mwanangu,

Rudisha tone.

Lilikuwepo. Mvua ilikuwa inanyesha juu ya watoto wetu na juu ya lenzi, na hakuna mwenye mamlaka ya kuifuta, si bwawa, si wewe, si mimi. Rudisha na mtikisiko. Yule mkaguzi alitetemeka kwa sababu alikuwa anajua kilichomo ndani ya bweni lile. Mwache atetemeke mbele ya watu. Vumbi liache. Sekunde zote arobaini zionekane kama zilivyotoka kwenye kamera. Na mwambie Kamanda aniletee kipaza sauti, nina jambo la kusema juu ya picha hiyo.

Shangazi yako

*

30 Mei

Mwanangu,

Kamanda alikuja mwenyewe. Ni mtoto wa kike mdogo kiasi kile na anaamrisha vile! Nimempenda. Alipoomba chai nilimwambia humu ndani amri ni zangu. Akacheka, halafu akanishika mkono, halafu akawasha kamera.

Nimesema hivi: "Kwa miaka ishirini na tisa niliwaambia kwamba kitu cheupe mnachokiona ni shuka la mwanangu. Si kweli, na nilijua. Ni tone la mvua. Mwanangu haonekani katika picha hii. Jina lake liko katika daftari la Mama Bweni, mstari wa saba. Someni pale." Nilitaka kuendelea, wewe unanijua, nilikuwa na hotuba ya kurasa nne. Kamera ilikuwa inaendelea. Nikazikunja kurasa.

Nimeandika pia magazetini. Wameichapa ndogo, chini ya tangazo la magodoro. Kesho yake mwanasheria wa bwawa alijibu kwa safu nzima: bibi kizee amekiri, sasa tuulize na hilo daftari. Nimeshamjibu. Hajui amemchokoza nani. Zamani nilikuwa napigana huku mkono mmoja umeficha kitu nyuma ya mgongo. Sasa nina yote miwili. Waje walipime karatasi, walipime wino, wamuulize Mama Bweni maswali mpaka wachoke. Litasimama, kwa kuwa hatukuliogesha.

Nimeambiwa jina lako halitaandikwa kwenye filamu. Nimeumia. Sikukuombea msamaha kwake, na hungependa niombe.

Mchana sasa ni mrefu. Sikuwa najua ni saa ngapi za maisha yangu zilikuwa ndani ya sekunde nne. Nakaa, naanza, ishirini na tano, ishirini na sita, halafu sina pa kwenda. Usidhani ukweli umenipa usingizi. Umenipa dirisha jeusi. Naangalia humo nisione kitu, na safari hii hakuna wa kumzaba kofi.

Jana niliifunua televisheni ya zamani. Nukta ipo, imekauka, imekuwa ya kahawia. Nililowesha kitambaa, nikasogea, mkono ukakataa. Nimejaribu tena leo asubuhi. Umekataa.

Njoo wewe. Njoo na kitambaa chako. Nitakaa kwenye kiti, mikono nimeikalia, na utapangusa kioo chote kama ulivyotaka siku ile.

Salamu nilizokunyima mwezi wa Machi ni hizi. Mpe na mke wako, na mwambie shuka lake ni zuri.

Shangazi yako